Jina Chini ya Wimbo

Jumatatu, 28 Aprili

Muhula wa pili umeanza kwa matope. Wasichana wa bweni waliingia langoni wamebeba viatu mkononi, udongo mweusi umewapanda hadi magotini. Katika kikao cha walimu, mwalimu mkuu, Madam Jacinta, ametangaza kwamba Julai tutaenda tamasha la muziki la kaunti kule Kajiado, na kwamba kikundi changu cha magitaa kitapiga "Mawe ya Kitengela" katika kitengo cha tungo za walimu.

"Shule zingine zinatafuta mtunzi na tochi," alisema. "Sisi tuko naye hapa, anasahihisha madaftari."

Walimu walicheka, wakapiga makofi. Mimi niliangalia chini, wakadhani ni haya.

Jioni nikiwa napika, simu ikalia. Namba nisiyoijua.

"Ni Mwalimu Nakhumicha? Mimi ni Kavutha, wa Mzee Nzuki."

Nilizima jiko. Sijasikia mtu akilitaja jina hilo kwa miaka kumi na saba, ingawa sidhani imepita wiki hata moja bila mimi kulifikiria. Mzee Nzuki ndiye aliyenifundisha gitaa. Kavutha ni bintiye. Mara ya mwisho nilipomwona alikuwa ndio amemaliza fomu four.

Aliniambia baba alipigwa na kiharusi Februari. Mkono wa kulia umelala, na maneno yamekwisha. Mtaalamu mmoja wa hospitali amemweleza kwamba mtu aliyepoteza maneno wakati mwingine bado ana nyimbo, watafute mtu anayezijua nyimbo zake.

"Wenye alikuwa anapiga nao wamekufa wote," Kavutha alisema. "Umebaki wewe."

Nikasema nitakuja Jumamosi. Hakusema asante. Alisema, "Sawa," akakata.

Jumatano, 30 Aprili

Mvua usiku kucha. Nyuzi mbili zimekatika darasani, zote za Kakenya wa fomu four, ambaye hupiga gitaa kana kwamba anafukuza fisi.

Jumamosi, 3 Mei

Nimetoka Isinya. Wanaishi nyuma ya mji, upande wa mashamba ya maua, ploti yenye nyumba mbili za mabati na banda la kuku. Kavutha hupanga waridi kwenye shamba mojawapo. Vidole vyake vimejaa alama za miiba. Alinifungulia lango bila tabasamu, akanionyesha kiti, akarudi kufua nguo hapo hapo uani. Hata maji hakunipa. Nimewaza njia nzima kwamba maisha yamemfanya mkavu.

Mzee alikuwa ameketi mlangoni, blanketi magotini. Niliyemkumbuka ni mtu mrefu aliyevaa koti hata kwenye jua la Athi River, aliyepiga gitaa hotelini Ijumaa na Jumamosi, na siku zingine akichomelea milango ya chuma. Aliyenipokea ana miaka sabini na minne na shavu moja limelegea. Nilisema, "Mwalimu, ni mimi, Nakhumicha." Mdomo ukahangaika. Ikatoka sauti moja tu, "eee," ndefu, ikaisha.

Nikafungua gitaa. Nilimpigia nyimbo za dansi alizonifundisha, moja baada ya nyingine, zote ila mmoja. Alisikiliza amefumba macho. Hakuimba.

Nilipoondoka Kavutha aliuliza tu, "Utarudi?"

Jumanne, 6 Mei

Hakuna stima. Mazoezi barazani. Whitney amesahau gitaa lake nyumbani kwa mara ya tatu.

Jumamosi, 10 Mei

Leo kuna kitu kimetoka. Nilikumbuka jinsi alivyokuwa akihesabia bendi kabla ya kuanza, nikaimba moja, mbili, tatu, nne, kila namba ikipanda juu ya mwenzake. Mara ya sita, nilipofika tatu, mdomo wake ukafunguka, na "nne" ikatoka kamili, kwa sauti ile ile nzito ya zamani. Alishtuka mwenyewe. Tukahesabu labda mara ishirini. Kavutha aliacha nguo kwenye karai, akasimama, kisha akaingia jikoni haraka. Nilisikia sufuria zikigongana kwa muda mrefu kuliko kazi yoyote ya sufuria.

Akinisindikiza langoni alisema, "Kumbe yuko." Halafu akafunga uso tena.

Jumatano, 14 Mei

Madam Jacinta ameniletea fomu ya tamasha. Jina la wimbo. Jina la mtunzi. Chimbuko la wimbo, maneno yasiyozidi hamsini. Niliijaza kwa dakika mbili, maana maneno hayo nimeyasema mpaka yanajua njia: kwamba asubuhi moja nilisimama kando ya machimbo ya Kitengela, nikasikia wachonga mawe, nyundo ya huyu ikijibu nyundo ya yule, na wimbo ukaja wote kwa pamoja.

Kando ya machimbo hayo nimesimama mara moja tu, siku ya kupigwa picha ya gazeti.

Nitaandika hapa jinsi ilivyokuwa. Daftari hili hakuna anayelisoma.

Mwaka wa 2001 Mzee Nzuki alinipigia wimbo mfupi nyuma ya karakana yake, akaniambia niushike. Hakusema ni wa nani. Ningependa kuandika kwamba sikujua, lakini nilijua. Ulikuwa wake. Aliupiga akiwa peke yake, na mtu akiingia aliuacha. Ni mimi tu nilipoingia ndipo hakuuacha.

Kisha nikapiga gitaa miaka saba kwenye hoteli za Nairobi, kwenye kona kati ya mti wa plastiki na meza ya saladi, wageni wakiniuliza kama pia naimba, ama mwenye gitaa ameenda wapi. Jazi ukiipiga huku watu wanakula, unajifunza kupiga bila kusikilizwa, na hilo huharibu kitu ndani ya mtu. Mwaka wa 2008 nikapata nafasi ya kurekodi nyimbo nane. Zangu zilikuwa saba. Wa nane nikapiga ule. Niliubadilisha mwendo, nikauongezea kipande cha katikati. Mtayarishaji akauliza unaitwaje, nikampa jina. Akauliza mtunzi nani. Nilinyamaza kidogo tu, na katika kimya hicho akaandika jina langu.

Zile saba hakuna anayezikumbuka. Huo wa nane ulinipeleka matamasha, ukanipeleka ng'ambo mara mbili, ukanipa hata kazi hii ya kufundisha, ambayo naipenda kuliko jukwaa lolote. Sikurudi tena kwa Mzee. Kwanza nilijiambia niko na shughuli. Baadaye sikujiambia kitu.

Jumamosi, 17 Mei

Maji yamefunika barabara ya kuingia kwao. Sikwenda. Nilifurahi, na furaha hiyo sikuipenda.

Jumatatu, 19 Mei

Nusu ya darasa ina mafua.

Jumamosi, 24 Mei

Mzee sasa anaimba mistari mizima, ya kanisani na ya dansi, ingawa hawezi kuomba maji kwa kusema. Kavutha amejifunza kumwimbia maswali. "Unataka uji?" anaimba kutoka jikoni, naye hujibu kwa kuimba, "Nataka." Ukipita nje utadhani ni nyumba ya watu wenye furaha.

Leo nilikuwa nakaza nyuzi. Sikuwa napiga chochote. Akaanza mwenyewe. Noti nne za kwanza zilitosha. Ni ule. Lakini ulikuwa na maneno. Miaka yote hiyo sikujua una maneno. Ni ya Kikamba, na aliyaimba polepole zaidi kuliko mwendo nilioupa mimi: "Syoka, Nzula, syoka mũsyi." Alikuwa akiangalia lango.

Kavutha alikuja akaketi kwenye kizingiti.

"Inasema nini?" nikamuuliza, nikitamani asijibu.

"Rudi, Nzula, rudi nyumbani. Nzula ni mama." Alikuwa anaangalia mikono yake. "Mama alimwacha nikiwa na miaka sita. Alichoka na mambo ya bendi, mtu anarudi asubuhi ananuka moshi. Akanibeba tukaenda kwao, upande wa mji wa Wote. Tukakaa miezi minane. Siku moja baba akakuja na gitaa. Babu akakataa kumfungulia. Akakaa nje ya boma akaimba hiyo. Alilala huko, akaamka akaimba. Siku ya tatu mama akaniambia nivae viatu."

Mzee alimaliza, akaanza tena.

"Mama amekufa miaka tisa sasa," Kavutha akasema. "Huo wimbo hajawahi kupigia watu. Ulikuwa wa nyumbani."

Nilirudisha gitaa kwenye mfuko. Nikasema nimekumbuka kuna kikao shuleni. Jumamosi hakuna kikao. Kavutha hakuuliza.

Jumanne, 27 Mei

Kikundi kimeshika kipande cha kwanza. Kakenya ameuliza mbona nimewaambia wapunguze mwendo. Nimesema ni majaribio tu.

Jumamosi, 31 Mei

Nimemwandikia Kavutha kwamba nina homa. Nikalala kutwa, na kufika jioni kichwa kikauma kweli.

Jumamosi, 7 Juni

Homa tena. Mvua imeisha, baridi imeingia.

Alhamisi, 12 Juni

Kipindi cha asubuhi cha redio kilinipigia, mahojiano ya dakika kumi kwa simu, nikiwa chumba cha walimu. Ni kuhusu tamasha la chuo kimoja cha Nairobi ambapo nimealikwa kupiga Agosti. Mtangazaji akaniuliza habari za shule, za wasichana na gitaa, nikajibu vizuri. Kisha akasema, "Na sasa ile tunayoipenda sote. Tuambie, ulikujaje?"

Nilikuwa na nafasi. Nilinyamaza sekunde nzima, na kwenye redio hiyo ni ndefu. Halafu nikasikia sauti yangu ikieleza habari ya nyundo, ya huyu ikijibu ya yule. Walimu wenzangu waliniinulia vidole gumba kutoka kwenye meza zao. Nilienda chooni nikanawa uso.

Nilikuwa nikidhani uwongo husemwa siku moja, kisha mtu huubeba tu. Leo nimeona kwamba kila mara nilikuwa nausema upya, na kila mara ningeweza kuacha.

Jumamosi, 14 Juni

Nilienda. Kavutha alinisubiri nje, lango limefungwa nyuma yake.

"Homa imeisha," alisema.

"Imeisha."

"Kazini wanatuwashia redio tukipanga maua. Alhamisi tulikuwa wanawake arobaini kwenye chumba cha baridi, tunakusikiliza."

Nilifungua mdomo. Akainua mkono.

"Ngoja. Unadhani nimejua juzi? Mwaka wa 2009 tulikuwa jikoni, Athi River, mama anachagua maharagwe. Redio ikapiga. Mama akaacha maharagwe. Baba alisikiliza mpaka mwisho, mpaka wakataja jina lako, akazima. Mama akamwambia, 'Nzuki, si uende umwone huyo msichana.' Akasema, 'Atakuja mwenyewe.' Hiyo ndiyo yote alisema, mwalimu. Miaka kumi na sita. Pikipiki ikisimama nje, anaangalia."

Kulikuwa na upepo, na plastiki za greenhouse za maua ng'ambo ya barabara zilikuwa zikipigapiga. Nikamuuliza mbona alinipigia simu kama alijua.

"Nilitaka baba aongee. Kukuchukia hakungemsaidia kumeza uji." Alisema hivyo bila ukali. "Na umemsaidia, hiyo nimeiona. Lakini nilikuwa nangoja useme. Kila Jumamosi nilikuwa nafua hapo karibu, hata nguo safi, nikingoja. Hata siku ile ya Syoka nilikupatia nafasi, ukasema uko na kikao."

"Niingie nimwambie sasa?"

"Leo hapana. Leo uko na haya, utasema ndio ulale vizuri. Enda ufikirie vile utamwambia. Ukuje wiki ijayo."

Nilimwita mkavu katika daftari hili, ukurasa wa pili. Sitaufuta, niwe nauona.

Jumanne, 17 Juni

Mabomba hayana maji. Askari wa lango, mzee wa Kimaasai anayenisalimia "Sopa" kila asubuhi, leo ameniuliza kama nimefiwa.

Jumamosi, 21 Juni

Nimemwambia.

Niliacha gitaa nyumbani. Niliketi chini, mbele ya kiti chake, Kavutha amesimama mlangoni. Nikasema, "Mwalimu, wimbo wa Nzula niliuchukua. Niliandika jina langu. Nikauita mawe. Nilijua ni wako." Nilikuwa nimetayarisha sentensi zingine nyingi za kufuata hizo, za ujana wangu, za hoteli na mti wa plastiki. Nilipomwangalia zilikauka.

Alinitazama muda mrefu, na jicho lake moja ni zima kabisa. Kisha akaanza kugeuza kiti. Alitumia mguu mmoja wenye nguvu, akisukuma ardhi, kiti kikiruka kidogo na kutua, kidogo na kutua. Kavutha hakumsaidia. Nami sikuthubutu. Ilimchukua kama dakika tano mpaka mgongo wake ukawa kwangu kabisa. Nilisubiri amalize. Nikauaga mgongo, nikaondoka.

Jumatatu, 23 Juni

Nilimweleza mwalimu mkuu asubuhi. Madam Jacinta nilimjua kama mtu wa vikombe na picha za ukutani, kwa hivyo nilijiandaa. Alisikiliza akifunga na kufungua kalamu.

"Ukibadilisha jina, kitengo cha tungo za walimu tumetoka," alisema. "Hawa watoto wamefanya mazoezi wiki nane."

"Najua."

"Na wewe? Si watakuandika magazetini?"

"Waandike."

Alifungua kalamu. "Ungeninyamazia tu, ningetia sahihi na ningelala. Sasa umeniambia." Alivuta fomu, akalikata jina langu kwa mstari mmoja, akanirudishia. "Nitauliza kama wanaweza kupiga bila kushindana. Lakini watoto utawaambia mwenyewe, mwalimu. Hapo mimi sitakushika mkono."

Niliwaambia saa kumi. Wasichana kumi na wawili, magitaa magotini. Nilipomaliza, Kakenya ndiye aliyeuliza.

"Madam, mwaka jana ulinitoa darasani juu nilikopi kazi ya Whitney."

"Ndiyo."

"Wiki moja. Mama yangu akatoka Bissil, akaitwa shuleni."

"Ndiyo, Kakenya."

Aliliweka gitaa sakafuni taratibu, kama mtu anayelaza mtoto, akatoka. Wengine waliangalia mlango, kisha wakaniangalia mimi. Nikawaambia tuanze kipande cha pili. Hakuna aliyeanza.

Alhamisi, 26 Juni

Likizo fupi. Nimeandika barua moja na kuituma pande tatu: kwa waliorekodi, kwa redio, kwa chuo. Nilikuwa nikidhani itakuwa ndefu. Imetosha nusu ukurasa.

Jumamosi, 28 Juni

Isinya. Kavutha alitoka hadi langoni, akasema, "Hataki." Nikarudi.

Jumatano, 2 Julai

Chuo kimejibu. Wanashukuru kwa uwazi wangu na tamasha litaendelea na msanii mwingine. Redio iko kimya. Mwanamuziki mmoja niliyewahi kumfundisha amenitumia ujumbe: "Mwalimu, huu si ukweli, sivyo?" Nimejibu kwamba ni kweli. Hajaandika tena.

Kakenya amerudi mazoezini. Hakunisalimia. Alikaa kiti cha nyuma, akasikiliza wenzake mara moja, kisha akaingia kwa mwendo wa polepole kuliko niliowaambia, na wote wakamfuata. Ndio mwendo wa Mzee hasa. Sijui alijuaje.

Jumamosi, 5 Julai

"Hataki," Kavutha alisema tena. Lakini leo alijifunga leso mabegani akanisindikiza hadi barabara kubwa. Nikamwambia jambo lililokuwa likinisumbua: wimbo ni wa nyumbani kwao. Hata jina likirekebishwa, nani kasema watu wausikie? Nikamwambia wasichana wanaweza kupiga kitu kingine Kajiado, au wasipige kabisa.

"Nilifikiria hiyo," alisema. "Nikamuuliza. Nilimwimbia swali."

"Akasemaje?"

"Aliimba jina lake. Nzuki Mulei. Mara mbili." Tulitembea kidogo. "Mimi nimeelewa hivyo, kwamba liandikwe. Kama nimekosea, hiyo itakuwa yangu."

Alhamisi, 10 Julai

Kajiado. Upepo wa huko hauna adabu. Ulitupa vumbi hadi ndani ya ukumbi. Tuliwekwa mwisho, baada ya kwaya za shule za msingi, watu wakiwa wameanza kukunja viti. Msimamizi alisoma kwenye karatasi: "Wafuatao si washindani. Wimbo, Syoka. Mtunzi, Nzuki Mulei." Alilitamka vizuri. Nilikuwa nimesimama pembeni, na nilikuwa nimengojea kuona aibu, lakini nilichosikia ni kama mtu ameniondolea kitu begani ambacho nilishazoea kutembea nacho nikiwa nimeinama.

Wasichana walipiga. Niliwaondolea kile kipande changu cha katikati, kwa hivyo wimbo ulikuwa mfupi, dakika tatu hivi. Kakenya aliubeba peke yake mwishoni. Waliokuwa wakikunja viti waliviacha.

Kavutha alikuwa mlangoni, na koti lake la kazini, ameshika simu juu akirekodi. Aliomba ruhusa ya nusu siku. Tulipotafutana baadaye alikuwa ameshaondoka.

Kwenye basi la shule Kakenya alikuja akakaa kando yangu.

"Madam, bado nimekasirika."

"Sawa."

"Lakini hivi ndio inafaa kupigwa."

Akalala, kichwa dirishani, mpaka Kitengela.

Jumamosi, 12 Julai

Ujumbe wa Kavutha: "Nimemwonyesha mara nne. Anaangalia tu. Usikuje bado."

Jumatano, 16 Julai

Mitihani. Whitney amekumbuka gitaa, siku ambayo halihitajiki.

Jumamosi, 19 Julai

Nimekaa nyumbani na zile nyimbo zangu saba. Sijazisikiliza miaka mingi. Mbili ni mbaya. Moja, ya tano, si mbaya. Niliipiga mara mbili, bila mtu kunisikia, na mkono haukuharakisha.

Jumamosi, 26 Julai

Vumbi la machimbo limerudi hewani. Nimefua mapazia. Hakuna ujumbe.

Jumamosi, 2 Agosti

Shule ilifungwa jana. Leo saa mbili asubuhi Kavutha akapiga simu.

"Anakuita."

"Amesema?"

"Ameonyesha gitaa kwenye ile video, akaonyesha barabara. Ukuje nalo."

Kiti chake kilikuwa kimeelekea lango. Nilimsalimia, hakuitikia. Alionyesha mfuko wa gitaa kwa kidevu. Nikalitoa, nikakaza nyuzi, nikaupiga ule, kwa mwendo wake, bila maneno.

Mstari wa tatu akainua mkono wa kushoto. Nikasimama.

Aliinama mbele mpaka nikaogopa ataanguka. Akakamata shingo ya gitaa langu, akakitoa kidole changu kwenye uzi kama mtu anayeondoa jani, akaweka chake, nafasi moja chini. Akaniangalia, nigonge. Nikagonga. Noti iliyotoka ilikuwa ya chini kidogo, nyeusi kidogo, na mstari wote ukageuka. Miaka kumi na saba, kwenye rekodi, ng'ambo, redioni, mbele ya wasichana kumi na wawili, nilikuwa nikiipiga noti isiyokuwepo. Wimbo wa mtu nilikuwa nimeuchukua na hata kuushika sikuwa nimeushika.

Akaliachia gitaa. Nikapiga mstari ule. Kidole kikaenda pale pa zamani. Akatikisa kichwa. Nikapiga. Kikaenda pale pale. Akatikisa kichwa. Nilitafuta usoni mwake kama amenisamehe, sikuona. Nikatafuta hasira, nayo sikuiona. Alikuwa anaangalia mkono wangu, basi.

Mara ya saba nilipokosea, nikashusha gitaa magotini. Nikasema, "Mwalimu, kimezoea vibaya."

"Tena," akasema.

Neno hilo hakuliimba. Alilisema, kavu, kama watu wanavyosema. Kavutha alikuwa uani akiwamwagia kuku mahindi. Akasimama, bakuli mkononi, kuku wakimpanda miguu. Mzee mwenyewe hakutambua alichofanya. Macho yake yalikuwa bado kwenye kidole changu, akingoja.

Nikapiga tena.